Mkono wa Baba Mkwe

"Shikamoo, baba," Violet alisema.

Mzee Ebenezeri hakuitikia. Alivuta kiti chake, akakaa, akafuta miwani kwa ncha ya tai, kisha akamgeukia mwamuzi kana kwamba upande wa pili wa meza hapakuwa na mtu.

"Mwambie huyu asogeze kiti nyuma. Miguu yake itafika kwangu."

Mwamuzi alikuwa Zita, mwalimu wa hesabu aliyezoea kusimamia mashindano ya chesi siku za mapumziko. Mtu mwingine angeupitisha ujumbe ule kwa sauti ili watu wacheke. Zita hakufanya hivyo. Alisogea, akakishika kiti kwa mgongo na kukirudisha nyuma kidogo yeye mwenyewe, Violet akiwa bado amesimama, na jambo likaisha bila neno.

Ukumbi ulikuwa wa hosteli moja pale Moshi mjini, na baridi ya Julai ilikuwa imeingia mpaka kwenye viti. Nyuma ya mzee walikaa wazee wenzake wa usharika wa Kilutheri walioteremka naye kutoka Mwika, pamoja na mwanawe mdogo, Sifael. Nyuma ya Violet hapakuwa na mtu. Baba yake mzazi, kule Kilema, alikataa kuja. Alisema yeye ni Mkatoliki mkimya, hawezi kwenda kushangilia binti yake akigombana na wakwe. Mumewe Davis, mwongoza watalii, alikuwa mlimani na wageni, huko juu ambako simu haishiki. Siku aliyoondoka alifunga kamba za viatu vyake polepole kuliko kawaida.

"Cheza unavyocheza," alimwambia Violet. "Nikishuka nitakuta vita, hilo nalijua. Nitapigana navyo nikishakula."

Mama mkwe, mama Elisifa, hakukaa upande wowote. Alijichagulia kiti cha mwisho kabisa karibu na mlango, akapakata kikapu chake chenye chupa ya mtori, supu ya ndizi na nyama, akafunika magoti kwa kanga.

Lililogombewa siku ile lilikuwa moja na kila mtu pale ndani alilijua. Chama cha chesi kilikuwa na nafasi moja tu ya kumpeleka mchezaji kwenye mashindano ya kanda ya Afrika, na huko ndiko mchezaji anakoweza kurudi na cheo cha kimataifa. Walikuwa wamebaki wawili. Mzee alikuwa mbele kwa nusu pointi. Sare ingemtosha. Violet alihitaji kushinda.

Kwa Violet, cheo kile kilikuwa ndiyo kazi yenyewe. Alikuwa akiishi kwa chesi. Alifundisha kwenye shule za mjini na za kule Mabogini, alifundisha watu wa mbali kwa kompyuta, na mashindano ya Nairobi, Kampala na Lusaka yakitangazwa alipanda basi na begi moja. Hata hivyo kwenye harusi na misiba ya ukweni, mtu akiuliza yeye, mama Monica, anafanya kazi gani, watu walitazamana kwanza. Shule ya mwisho aliyoiomba kazi ilimjibu kwamba inatafuta mwalimu mwenye cheo.

Na mzee? Mzee alikuwa bingwa wa taifa mara nne, zamani, wakati wachezaji walipokuwa wakisafiri usiku kucha kwa lori la kahawa kwenda kucheza na kurudi kwa lori lilelile. Cheo kilimponyoka kwa nusu pointi katika nchi ya watu, akiwa bado kijana, na nusu pointi ile haikuwahi kutoka rohoni mwake. Sasa alikuwa amepita sitini na nafasi ilikuwa imerudi kugonga mlango. Aliyesimama kizingitini alikuwa mke wa mwanawe.

Hawakuanza kwa uadui. Violet alipoolewa, mzee alifurahi kuliko watu wote wa boma. Alikuwa amekaa miaka mingi bila mtu wa kucheza naye pale kwenye kihamba, shamba la nyumbani, na sasa Mungu amemletea mkwe anayejua kusogeza farasi. Alimfundisha barazani jinsi ya kumaliza mchezo kete zikibaki chache. Mvua ikinyesha alimsogezea kiti kisilowe. Violet hakuyasahau hayo. Ugomvi ulikuja siku ya pili ya Krismasi, ndugu wote wamerudi kutoka Dar na Arusha, mbuzi ameshaliwa, na mzee akataka wageni waone. Wakaona. Violet alimshinda mbele yao, mbele ya mchungaji na mashemeji, mzee akazikusanya kete kwenye mfuko wake wa kitambaa bila kusema kitu. Tangu siku ile salamu ya Violet haikuitikiwa.

"Ungemwachia," mama Elisifa alimwambia jikoni siku hiyohiyo, wakiosha masufuria. Hakusema kwa ukali.

"Angejua, mama."

Mama Elisifa alifikiri huku akisugua. "Ee," alisema mwishowe. "Huyo angejua."

Basi saa ikabonyezwa, mchezo ukaanza.

Mzee alicheza kama mtu anayefunga mlango na kuweka komeo, kisha komeo jingine. Hakutaka kushinda. Alibadilishana kete kila alipoweza, farasi kwa farasi, malkia kwa malkia, ili ubao uishe na sare ijitokeze yenyewe. Kila Violet alipochukua muda kufikiri, mzee alihema kwa nguvu puani. Alipoinuka kwenda kunywa chai aliwaambia wenzake, kwa sauti ya kusikika, kwamba enzi zao walikuwa wakicheza na wanaume.

"Shemeji," Sifael alimwita Violet alipopita kwenda maliwatoni. "Ndizi umeacha na nani motoni?"

"Na mkeo," Violet akajibu. "Amesema wewe huwa unaziunguza."

Mzee mmoja wa usharika alicheka kabla hajajizuia, akajifanya anakohoa. Sifael akanywea. Violet alikwenda akanawa uso, akajitazama kwenye kioo, akaona midomo yake imekauka kama ya mtu mwenye homa.

Alasiri ilipogeuka walikuwa wamebaki na wafalme na askari tu. Askari wengi walikuwa wamegongana uso kwa uso katikati, huyu hawezi kwenda na yule hawezi kwenda. Lakini pembeni kabisa, upande wa kushoto wa Violet, alikuwepo askari wake mmoja ambaye hakuwa na mtu mbele. Askari huyo akifika mwisho wa ubao anageuka malkia, na mchezo umekwisha. Mfalme wa mzee alikuwa mbali. Akimfikia askari, anamla, na inakuwa sare. Asipomfikia, basi.

Violet alihesabu. Akahesabu tena, kwa sababu moyo ulikuwa ukimwenda mbio na hakuuamini. Mfalme wa mzee alikuwa amechelewa kwa hatua moja. Alimsukuma askari mbele, akabonyeza saa.

Saa zote mbili zilikuwa zimebakiza dakika chache, na kwa kanuni za siku ile dakika zikishafika hapo mchezaji anaruhusiwa kuacha kuandika hatua. Wote wawili walikuwa wameacha.

Mzee aliutazama ubao. Aliutazama kwa muda mrefu. Kisha, bila kumwangalia Violet usoni na bila kufungua mdomo, akasimamisha saa na kunyoosha mkono wake wa kulia juu ya kete.

Katika chesi, mkono ule ni mwisho wa mchezo. Mchezaji aliyeshindwa huutoa. Wanaokubaliana sare pia huutoa, lakini hao huambizana kwanza. Violet, aliyemwona mfalme yule amechelewa, hakuwa na shaka ni mkono gani. Na hata angekuwa na shaka asingeweza kukaa nayo. Ulikuwa mkono wa baba mkwe. Mkwe wa Kichagga aliyelelewa hauachi mkono huo hewani hata kwa muda wa kupumua. Mwili ulimtangulia. Aliinuka nusu, akakunja goti, akainamisha kichwa na kuupokea kwa mikono miwili, kama alivyofundishwa na mama yake tangu hajaota meno ya utu uzima. Mtandio ulimteleza begani, ncha yake ikapita juu ya ubao na kuziangusha kete, nyingine zikabingirika mpaka sakafuni.

Machozi yalimjaa machoni. Alidhani amesamehewa na ameshinda, vyote kwa pamoja.

Mzee akautoa mkono wake, akamgeukia Zita.

"Sare," alisema. "Andika."

Violet alibaki amesimama vilevile, goti limekunjwa. "Baba, sare gani?"

"Mwambie nimempa mkono wa sare," mzee alimwambia Zita. "Ameupokea kwa mikono miwili. Ukumbi mzima umeona."

"Tumeona," Sifael akadakia.

"Wewe siyo mchezaji, nyamaza," Zita alimwambia. Kisha akamgeukia mzee, na sauti yake ikashuka. "Mzee wangu, ulitamka neno sare kabla ya kutoa mkono?"

"Tangu lini mzee anaeleza maana ya mkono wake?"

"Kwenye ubao anaeleza. Ulitamka?"

Mzee alinyamaza. Uongo wa mdomo hakuuweza, au hakuutaka. Violet aliliona hilo, akaliweka moyoni.

"Violet, wewe ulitamka chochote?"

"Hapana. Nilidhani amekubali kuwa ameshindwa."

Kicheko kikapita kwenye viti vya nyuma ya mzee, kicheko kibaya, cha watu wasioona kitu cha kuchekesha. Mtu mmoja alisema kwamba haya ndiyo matokeo ya kuoa watu wa ng'ambo ya mto. Mwingine akasema mtoto wa kike akipewa sare na mkwewe hushukuru. Violet aliyasikia yote. Mikono yake, ile iliyokuwa imeushika mkono wa mzee, akaificha ndani ya mtandio.

Zita hakuharakishwa na kelele. Aliomba kimya, akakipata. "Hapakuwa na neno, kwa hiyo hapakuwa na makubaliano," alisema. "Mchezo unaendelea. Saa zinabaki zilivyosimama. Ni zamu ya mzee. Kete zirudishwe zilipokuwa."

Hapo ndipo Violet alipopigwa na ubaridi. Zirudishwe na nani? Hakuna aliyekuwa ameandika, na Zita alikuwa na macho kwenye saa. Walioujua ubao ule walikuwa wawili tu, na mmoja wao ndiye aliyetoka kumtega kwa adabu yake mwenyewe.

"Panga wewe," Zita alimwambia Violet, "ni mtandio wako. Mzee atasema kama anakubali."

Mama Elisifa alikuwa ameshainuka pale mlangoni. Hakumwangalia mtu. Aliinama kwa shida, akaziokota kete zilizobingirika sakafuni, akazifuta vumbi moja moja kwa kanga yake, za mumewe na za mkwewe, akaziweka pembeni mwa meza na kurudi kwenye kiti chake.

Violet akaanza kupanga. Askari waliogongana katikati aliwaweka bila taabu. Mfalme wake akamweka. Askari wa pembeni akamweka. Mfalme wa mzee akamshika, na vidole havikuwa vyake tena, vilikuwa vya mtu aliyetoka baridini. Akamweka. Akarudisha mikono mapajani.

"Mzee, ndivyo?" Zita aliuliza.

Mzee Ebenezeri aliinama juu ya ubao. Aliutazama tena kwa muda mrefu, na mara hii uso wake ulibadilika, ukawa kama wa mtu anayesoma ujumbe uliokuja kwa bahati mbaya kwenye simu yake. Wenzake waliinuka kidogo kwenye viti waone anachokiona. Hakuna aliyekiona. Violet pia hakukiona.

"Mzee?"

"Mwambie mfalme wangu hakuwa hapo," mzee alisema. Sauti ilitoka kavu. "Alikuwa nyuma."

Akanyoosha kidole, akamrudisha mfalme wake mraba mmoja.

Violet alitazama, akaliona kosa lake. Alikuwa amemweka karibu zaidi. Pale alipokuwa amemweka, mfalme yule angemfikia askari na kumla, na sare ambayo mzee aliitafuta kwa hila ingekuja mezani kwake yenyewe, kihalali, imetiwa mkono na mwamuzi. Alichotakiwa kufanya ni kusema ndiyo. Neno moja. Mtu aliyeweza kumdanganya kwa mkono hakuweza kukaa mbele ya ubao wa uongo.

Alitaka kusema asante. Alimtazama mzee usoni, na mzee akatazama dirishani.

"Tunaendelea," Zita alisema, akabonyeza saa.

Kuna watu walisema baadaye kwamba hapo ndipo Violet alipopaswa kumwachia. Mtu amesema kweli iliyomuumiza, mrudishie wema. Violet aliliona hilo likipita mbele yake, akaliacha lipite. Mzee alikuwa amemrudisha mfalme mahali pake ili mchezo uwe mchezo. Angecheza vibaya sasa kwa makusudi, angeutupa uchafuni ukweli wa mzee mbele ya macho yake. Mzee alimsogeza mfalme wake, naye Violet akamsukuma askari. Mzee akakimbiza mfalme. Akamsukuma tena. Mfalme akaja mbio, mraba kwa mraba, kama mtu anayekimbilia basi ambalo ameshaona linaondoka. Askari akafika. Zita akamletea malkia.

Mzee alizisogeza kete zake mara chache zaidi, kwa ukaidi tu, mpaka hapakuwa na pa kwenda. Akasimamisha saa. Akanyoosha mkono juu ya ubao, kimya, macho pembeni, vilevile kama mwanzo.

Violet hakuinuka. Mikono yake ilibaki mapajani.

Mkono wa mzee ulikuwa hewani, mkono wenye mishipa na makovu ya panga la kupogolea kahawa, na mke wa mwanawe alikuwa ameketi akiutazama.

"Sema, baba," Violet alisema.

"Huyu mwanamke ana akili kweli?" Sifael aliuliza ukumbi. "Shemeji, pokea mkono wa mzee."

"Sema kwanza."

Mzee alimgeukia Zita. "Mwambie..."

"Usimwambie yeye," Violet alisema. Sauti yake ilikuwa ndogo, lakini ilifika. "Niambie mimi. Ndimi niliyecheza nawe."

Mmoja wa wazee wa usharika alisimama, akachukua kofia yake na kutoka nje. Mwingine akamfuata. Mkono wa mzee ulianza kuchoka na kushuka, akaunyanyua tena, na Violet aliona ni kazi kiasi gani, na kila kiungo mwilini mwake kilimwambia ainuke akunje goti. Aliushika ukingo wa kiti ili asiinuke.

Ndipo mzee akamtazama. Hakuwa amemtazama tangu ile Krismasi. Hapakuwa na upole wowote katika macho yale, wala uchovu, na Violet hakuyakwepa.

"Umeshinda," mzee alisema.

Violet akainuka haraka kuupokea mkono, mikono yake yote miwili mbele, lakini mzee alikuwa ameshauondoa. Alichukua kalamu, akaweka sahihi alipoonyeshwa, akakusanya miwani yake na kofia yake, akapita katikati ya viti bila kumuaga mtu. Sifael alimfuata. Mlangoni Sifael aligeuka.

"Hilo la leo halitasahaulika kule juu Mwika," alisema. "Ujue."

"Najua," Violet alisema.

Zita alimpa mkono, akamshika muda mrefu kidogo kuliko ilivyolazimu, akaenda kufunga meza nyingine. Viti vilikuwa vikiburutwa. Violet alikaa akiutazama ubao mpaka kivuli kikasimama kando yake. Alikuwa mama Elisifa na kikapu chake. Alifungua chupa, akamimina mtori kwenye kifuniko, ukatoa mvuke.

"Lile la mfalme," mama Elisifa aliuliza. "Asingesema, ungeshinda?"

"Hapana, mama. Ingekuwa sare. Angekwenda yeye."

Mama Elisifa alitikisa kichwa taratibu. "Na bado ukauacha mkono wake hewani."

"Ndiyo, mama."

Nje honi ililia. Ilikuwa pikapu ya mzee. Mama Elisifa hakuonyesha kama ameisikia. Aliuvuta mtandio wa Violet uliokuwa umeburuta chini, akauweka vizuri mabegani.

"Siwezi kukuambia umefanya vyema," alisema. "Yule ni mume wangu, na usiku huu nitakaa naye gizani hasemi. Krismasi msipande. Mimi nitashuka, nitamleta kuku, nimwone Monica."

Honi ililia tena, ndefu.

"Kunywa ungali moto," mama Elisifa alisema. "Chupa nitaichukua nikija. Acha niende, huyu leo ataniacha kweli."

Akaondoka na kikapu kitupu, kanga imefungwa kiunoni, akitembea upesi kadiri miguu yake ilivyomruhusu. Violet aliisikia milango ya pikapu ikifungwa, mmoja kwa kishindo na mwingine polepole, kisha gari likaondoka kuelekea barabara ya Himo.